Petite Barrière: Rufaa ipo, lakini miezi miwili haisubiri

GISENYI – Anayevuka Petite Barrière kwenda Goma huvuka kwa miguu. Wengi ni akina mama wenye mizigo ya mboga, nyanya na maziwa, na kabla ya korona makumi ya maelfu ya watu walipita hapa kila siku. Juni 2022, baada ya mwanajeshi wa Kongo kuuawa kwa risasi mpakani, upande wa Goma ulianza kufunga saa tisa alasiri. Kwa mwenye mtaji wa beseni moja, kurudishwa siku moja ni mtaji kuoza.

Anayerudishwa bila kuelezwa sababu anaweza kwenda Mahakama ya Afrika Mashariki, Arusha. Tarehe 13 Aprili 2011 wakili Mkenya, Samuel Mohochi, alizuiwa Entebbe na kurudishwa Nairobi. Uganda ilijitetea kwa sheria yake ya uhamiaji na mamlaka yake kama dola. Mei 2013 mahakama iliukataa utetezi huo: nchi iliyotia saini Mkataba haiwezi kumfukuza raia wa Jumuiya bila kumweleza sababu wala kumsikiliza.

Hukumu hiyo si ya Mohochi peke yake. Kifungu cha 33 cha Mkataba kinasema tafsiri ya Arusha iko juu ya ile ya mahakama za nchi wanachama, na Kongo imekuwa mwanachama tangu Julai 2022.

Tatizo huanza baada ya ushindi. Mara nyingi majaji hutamka tu kwamba Mkataba umevunjwa, kisha faili hurudi kwa ofisi ileile iliyokataa. Ofisi ikiagizwa kulitazama upya suala kwa kufuata hukumu iliyotangulia, inaweza kukataa tena, safari hii ikiandika sababu. Au serikali ikakata rufaa. Kifungu cha 35A kinaruhusu hoja tatu: kosa la kisheria, mahakama kukosa mamlaka, na utaratibu kukiukwa.

Serikali huitumia nafasi hiyo. Rwanda ilikata rufaa katika shauri la Plaxeda Rugumba, aliyelalamikia kuzuiliwa kwa ndugu yake, ikidai alipaswa kwanza kumaliza mahakama za nyumbani. Ilishindwa mwaka 2012. Mkataba hauna sharti hilo.

Kenya na Uganda zilifanikiwa mwaka 2013 dhidi ya Omar Awadh na wenzake, waliopelekwa Uganda baada ya mabomu ya Kampala ya 2010. Majaji wa rufaa walisema shauri lilichelewa na kwamba hawana uwezo wa kuongeza muda.

Kwa maoni yangu, hukumu hiyo ya pili ndiyo inayomhusu zaidi mama wa Petite Barrière. Miezi miwili huhesabiwa tangu siku ya kitendo, au siku alipokifahamu, hata kama bado anazungushwa ofisini Rubavu au Goma. Mwenye karatasi yenye tarehe na sababu ya kukataliwa ana pa kuanzia. Wengi hurudishwa kwa ishara ya mkono tu.