Mchezo Uliokatizwa na Adhana



Akina mama wenzangu, nyumba yenye simu moja na watoto watatu haikosi kesi. Kesi ninayoisimulia hapa ilitokea kwetu Umoja, katika mitaa hii ya Eastlands jijini Nairobi, tulikohamia miaka kadhaa iliyopita kutoka Pwani. Iliamuliwa kwa salama, alhamdulillahi, lakini si kabla ya machozi kumwagika.

Binti yangu wa miaka 11 alifundishwa sataranji na wenzake wa shuleni. Akaipenda kuliko katuni. Kila nimalizapo kupokea oda za mahamri na viazi karai, huniomba simu, akaketi mkekani kucheza na kompyuta. Mwanzoni nilifurahi. Mtoto ametulia, hayuko barabarani, wala haongei na mtu asiyemjua. Shida ilianza saa ya Magharibi. Adhana ikilia kutoka msikitini, mimi nimeshatia udhu, yeye bado ameinamia kioo. "Mama, kidogo tu. Nikitoka utapotea." Kidogo hicho kilikuwa robo saa.

Siku moja nilimpokonya simu. Kesho yake asubuhi simu ikajaa, picha za wateja haziingii. Nikafuta kumbukumbu zote za programu ile ifunguayo kurasa za mtandao. Jioni mtoto akaitafuta sataranji yake aliyoianza siku tatu nyuma, asiione. Alilia kama aliyefiwa. "Mama, nilikuwa ninashinda," akasema. Mimi nami nikajibu kwa ukali kwamba ni mchezo tu. Usiku huo hakuniaga alipokwenda kulala.

Nilipoutafakari usiku, niliona kuwa mtoto hakuwa anaibishania sala. Alikuwa akiogopa kupoteza kazi yake. Na mimi kwa mkono wangu nilikuwa nimeuthibitisha uoga wake.

Alivyotueleza kijana wa jirani

Kijana wa nyumba ya pili anasoma chuo kikuu. Alipopita kuniamkia nikamwambia, "Marahaba, mwanangu, keti kwanza." Akatufundisha mambo ambayo nayaandika hapa kwa faida ya wazazi wenye simu moja kama mimi.

La kwanza, mchezo dhidi ya kompyuta unaweza kungoja, ila kwa sharti. Binti yangu hutumia Lichess, mtandao wa bure ulioanzishwa mwaka 2010 na Mfaransa Thibault Duplessis. Mwenye kucheza humo na kompyuta huchagua kiwango cha ugumu, kuanzia 1 hadi 8, kisha huchagua kama mchezo uwe na saa au usiwe nayo. Ukichagua saa, dakika zako huendelea kuisha hata ukiwa kwenye mswala, nawe utarudi ukute umeshindwa. Ukichagua muda usio na kikomo, kompyuta haina haraka wala haichoki. Itakungoja uswali, ule, usome.

La pili, mchezo huhifadhiwa mahali, na ni lazima ujue ni wapi. Binti yangu alikuwa akicheza bila akaunti. Mchezo wa namna hiyo umefungamana na alama ndogo iliyowekwa ndani ya simu yenyewe. Nilipofuta kumbukumbu, niliifuta na ile alama, na mlango wa kurudia ukafungika. Mwenye akaunti hana hofu hiyo. Huingia kwa jina na neno lake la siri, hata kwa simu ya mtu mwingine, akaikuta michezo isiyokwisha imeorodheshwa kwenye ukurasa wa mwanzo. Hugusa mmojawapo, ubao ukafunguka kama alivyouacha. Katika mitandao mingine, tafuta orodha ya michezo ya zamani chini ya jina la mchezaji. Ama programu zinazocheza ndani ya simu bila intaneti, mchezo hukaa humo humo, na ukiiondoa programu nao huondoka.

La tatu, hata mchezo uliokwisha unaweza kufufuliwa. Ufungue katika historia yako, urudi hatua kwa hatua mpaka pale kabla ya kosa, kisha uchague kuendelea na kompyuta kuanzia hapo. Utakuwa mchezo mpya, lakini kete zimekaa zilivyokuwa.

La nne ndilo lililonipendeza zaidi, kwa kuwa halihitaji bando wala umeme. Chora miraba 64 kwenye daftari, nane kwa nane. Andika kila kete ilipo, ni zamu ya nani, na kama mfalme na ngome zimekwisha kusogezwa. Ukurasa huo mmoja unatosha. Siku yoyote utazipanga kete zile katika ubao wa kupangia wa mtandaoni, au ubao wa mbao wa jirani, na mchezo utaendelea.

Kwa wazazi, naongeza neno la tahadhari. Mnapomfungulia mtoto akaunti, asitumie jina lake halisi, na neno la siri mlijue nyote wawili. Lichess ina hali maalumu ya watoto inayozima mazungumzo yote na watu wengine. Iwasheni siku ile ile.

Kuahirisha si jambo geni

Msidhani kuwa kuacha mchezo katikati ni udhaifu. Kabla ya kompyuta kupata nguvu, mabingwa wa dunia walikuwa wakiahirisha michezo mirefu. Mwenye zamu aliiandika hatua yake kwa siri, akaitia katika bahasha, ikafungwa na kukabidhiwa mwamuzi hadi kesho. Mwaka 1972, mjini Reykjavik, mchezo wa 21 baina ya Boris Spassky wa Umoja wa Kisovieti na Bobby Fischer wa Marekani uliahirishwa hivyo. Siku ya pili, tarehe 1 Septemba, Spassky akapiga simu kusema kuwa amekubali kushindwa, na Fischer akawa bingwa.

Na kuna kitendawili kilichongoja muda mrefu sana. Sataranji ilitoka India, ikapita Uajemi, ikapokewa na Waarabu kwa jina la shatranj. Katika karne ya 10 aliishi Baghdad mwanachuoni Abu Bakr as-Suli, mchezaji asiyekuwa na mfano, aliyepata kuwa mwalimu wa Khalifa ar-Radhi kabla hajashika ukhalifa. Aliacha fumbo la kete chache tu ubaoni, akisema hakuna awezaye kulifumbua ila aliyefundishwa na yeye. Lilikaa zaidi ya miaka elfu. Katika miaka ya 1980 ndipo Yuri Averbakh, bingwa wa Umoja wa Kisovieti, alipopata jawabu. Binti yangu aliposikia hayo alicheka: "Basi mimi siku tatu si kitu."

Vipi kuhusu hukumu yake?

Najua kuna msomaji anayeuliza kama mchezo huu unafaa. Wanazuoni wamehitilafiana tangu zamani. Katika madhehebu ya Imam Shafi, yanayofuatwa na wengi wetu Pwani, kauli mashuhuri ni kuwa ni makruhu madamu hakuna kamari, hakuna matusi, na sala haipitwi na wakati. Wanazuoni wengi wa madhehebu mengine wameuharamisha. Zama zetu pia zimeshuhudia hitilafu hiyo. Iran iliupiga marufuku baada ya mapinduzi ya 1979 na kuuruhusu tena mwaka 1988. Januari 2016 Mufti Mkuu wa Saudia alitangazwa akiukataza, na Desemba 2017 Riyadh ikaandaa mashindano ya dunia. Anayetaka kujiepusha ana hoja, na mwenye shaka na amuulize sheikh wake.

Mimi nimeangalia yale masharti. Kamari twaiona hapa mtaani inavyokula mishahara ya vijana, basi kwetu hachezewi hata peremende. Na sala ndiyo iliyokuwa kesi yetu tangu mwanzo.

Upande wa manufaa, majirani zetu wa Uganda wametuonyesha mfano. Phiona Mutesi, msichana wa mtaa wa Katwe jijini Kampala, aliufuata mchezo huu kwa mwalimu Robert Katende akiwa mtoto mwenye njaa, kwa kuwa palikuwa na kikombe cha uji. Akafika hadi kuiwakilisha nchi yake, na mwaka 2016 maisha yake yakatengenezewa filamu.

Tulichokikuta katika orodha

Tulimfungulia akaunti siku hiyo. Tukakubaliana: saa isiwekwe, na adhana ikilia simu hulazwa kifudifudi. Kwa wiki tatu hapakuwa na ugomvi. Magharibi ilikuwa tamu nyumbani kwetu.

Kisha jioni moja nikaketi naye kuitazama ile orodha ya michezo isiyokwisha. Nilitarajia mmoja. Ilikuwa 7. Mimi si mchezaji, lakini kuhesabu kete najua, maana nimezoea kuhesabu mahamri. Katika michezo 6 kati ya ile 7, kete zake zilikuwa chache kuliko za kompyuta. Nikamuuliza, "Hii iliachwa kwa ajili ya adhana?" Akanyamaza. Kisha akasema polepole, "La, Mama. Hii niliacha kwa sababu ninashindwa."

Sikumgombeza. Nilikumbuka cherehani yangu iliyo chini ya kitanda, na ndani yake buibui nililolikata vibaya miaka miwili nyuma nikaliacha hapo. Nikamwambia hilo. Akaniuliza kwa nini sikulimaliza, nikakosa jibu.

Basi tukaongeza sharti moja. Hakuna mchezo mpya mpaka wa zamani zaidi umalizwe. Mwenye kushindwa anaweza kukubali kushindwa, ila aseme kwanza kosa lilikuwa hatua gani. Michezo 5 aliimaliza kwa kushindwa, na kila mmoja ameuandikia sentensi moja katika daftari. "Nilimtoa malkia mapema." "Nilimsahau farasi." Katika mchezo wa 6 alibakiwa na mfalme peke yake. Kompyuta, aliyoiweka kiwango cha chini, ikamzingira kote ikasahau kumtishia. Mfalme hana pa kwenda, wala hakushambuliwa. Kwa kanuni za sataranji hiyo ni sare. Alipiga kelele mpaka kaka yake akatoka jikoni. "Ningeuacha, nisingejua!"

Ule wa 7, ambao alikuwa na kete nyingi, akaushinda.

Nami nimelitoa lile buibui. Pindo halikukaa sawa, lakini linavalika, na nimelivaa Ijumaa iliyopita.

Jana Magharibi iliingia akiwa katikati ya mchezo mwingine. Niliisikia simu ikilazwa mkekani kabla sijamwita. Tulipotoa salamu na kumaliza dua aliinuka, akaenda kusoma juzuu yake, na mchezo ukaendelea kungoja hadi baada ya chakula.