Hatima inapomgeukia mtazamaji

Wako watu wenye hekima zao wasioweza kabisa kuivumilia filamu ya kutisha. Kwao ni damu, mayowe na giza, mambo ya kuwakosesha watoto usingizi na kuwapotezea vijana wakati. Sehemu kubwa ya filamu hizo yastahiki lawama hiyo, na simo katika kuzitetea zote. Lakini ipo aina moja ambayo kuitupa jaani pamoja na takataka nyingine ni dhuluma. Ni ile ambayo hatima yake humgeukia mtazamaji mwenyewe, ikamwonyesha kwamba muda wote ule alikuwa akimwamini asiyestahili kuaminiwa, au akimwogopa asiyestahili kuogopwa.

Jambo hilo si geni kwetu. Yule binti wa ngano aliyewakataa wachumba wote wa kijijini, akaolewa na kijana mgeni mwenye sura ya kupendeza, hugundua akiwa amekwisha kufika mbali kwamba mumewe ni zimwi. Bibi aliyejua kusimulia hakuuficha ukweli wote hadi mwisho. Njiani alidondosha dalili moja moja: bwana harusi asiyekula mbele za watu, asiyetaja kwao ni wapi. Mkasa ulipofichuka, wajukuu walishtuka, kisha wakatambua kwamba waliambiwa mapema, nao hawakusikia. Ndiyo maana hadithi inayomalizikia kwa kusema kwamba kumbe mambo yote yalikuwa ndoto hutuudhi. Hiyo si hatima, ni kuvunja mapatano.

Kabla sijaendelea, natoa tahadhari. Haiwezekani kuijadili hatima bila ya kuitaja. Anayekusudia kuzitazama filamu zifuatazo na aikunje karatasi hii, airejee baadaye. Mnamo mwaka 1955 Mfaransa Henri-Georges Clouzot aliimalizia filamu yake, Les Diaboliques, kwa maandishi ya kuwasihi watazamaji wasiwaharibie wenzao kwa kuwasimulia walichokiona. Nitaliheshimu ombi lake: hiyo siigusi.

Mgeuko wa namna hii ni wa kale katika sinema. Mwaka 1920 Wajerumani walionyeshwa The Cabinet of Dr. Caligari, iliyoongozwa na Robert Wiene. Kijana Francis anasimulia habari za Caligari, mzee wa maonyesho anayemtuma mtu aliye usingizini kwenda kuua usiku. Francis anamwandama mzee huyo hadi hospitali ya wendawazimu, na huko anakuta kwamba muuaji ndiye mkuu wa hospitali. Hapo ndipo filamu inapopinduka. Tunaonyeshwa kwamba Francis mwenyewe ni mgonjwa wa humo, na kwamba mkuu aliyemshtaki ni tabibu mtulivu ambaye sasa anasema amejua namna ya kumponya.

Tafakari maana yake. Mshtaki amegeuzwa mwendawazimu, na mtawala ametoka mtakatifu. Mhakiki Siegfried Kracauer, katika kitabu alichokichapisha mwaka 1947 baada ya Ujerumani kupitia balaa la Hitler, alidai kwamba waandishi wa hadithi, Hans Janowitz na Carl Mayer, walikusudia kuyafichua mamlaka yaliyopotoka, na kwamba hatima iliyobandikwa iliipokonya hadithi ujasiri wake. Muswada uliopatikana baadaye ulionyesha kwamba mambo hayakuwa mepesi kiasi hicho, maana nao ulikuwa na utangulizi wa Francis kuwasimulia rafiki zake, ingawa hakuwa mgonjwa ndani yake. Hata hivyo hoja yenyewe imebaki. Dakika chache za mwisho zaweza kuigeuza filamu nzima kutoka upande wa mwenye kudhulumiwa hadi upande wa mwenye kudhulumu.

Mfano ulio mzito zaidi ni wa Mmarekani George Romero, ambaye filamu yake Night of the Living Dead ilitoka Oktoba 1968. Ilitengenezwa kwa takriban dola 114,000 tu, na kwa kuitazama utajua. Wafu wamefufuka na wanakula nyama ya walio hai. Watu saba wamejikuta katika nyumba moja ya shambani jimboni Pennsylvania, na anayewaongoza ni Ben, mtu mweusi, aliyeigizwa na Duane Jones. Romero alieleza kwamba muswada haukutaja rangi ya mhusika huyo. Jones alichaguliwa kwa kuwa katika majaribio aliwashinda wenzake.

Usiku kucha Ben anagongomea mbao madirishani na kubishana na Harry Cooper, anayeshikilia kwamba wote wateremke kwenye chumba cha chini ya nyumba. Ben anakataa katakata: humo ni mtegoni. Wenzake wanaangamia wote, na mwishowe ni ndani ya chumba kile kile alichokikataa ambamo yeye peke yake ananusurika. Kunapambazuka. Anasikia mbwa wakibweka na milio ya bunduki. Watu wa sherifu wamekuja. Anapanda kwa hadhari, anachungulia dirishani, na mmoja wao anampiga risasi ya kichwa akidhani ni mfu miongoni mwa wafu. Kisha picha zisizosogea, mfano wa zile za magazetini, zinaonyesha kulabu za chuma na mwili ukipelekwa kwenye kuni.

Romero alisimulia kwamba walikuwa wakiipeleka filamu hiyo New York garini waliposikia redioni kuwa Martin Luther King ameuawa. Hiyo ilikuwa Aprili 1968. Basi mtazamaji aliyekesha akiwaogopa wafu alifikishwa asubuhi akakuta kwamba risasi iliyomuua shujaa wake imetoka kwa wale aliokuwa akiwaombea wafike.

Miaka 49 baadaye, mwaka 2017, Jordan Peele aliipokea kamba ile ile katika Get Out. Kijana mweusi Chris, aliyeigizwa na Daniel Kaluuya, mzaliwa wa London ambaye wazazi wake ni Waganda, anapelekwa kujulishwa kwa wazazi wa mchumba wake wa kizungu. Anagundua kwamba jamaa hao huwateka watu weusi ili bongo za wazungu zitiwe ndani ya miili yao, na kwamba mchumba wake ndiye chambo. Anapigana, anatoroka, na mwishoni yuko barabarani gizani, mchumba amelala chini na maiti wametapakaa. Ndipo taa za buluu na nyekundu zinapomulika.

Katika filamu nyingine chungu nzima, taa hizo huwa faraja. Hapa moyo humruka mtazamaji. Chris anainua mikono. Mlango wa gari unafunguka, na anayeshuka ni rafiki yake Rod, mfanyakazi wa usalama wa uwanja wa ndege. Peele alikuwa amepiga hatima nyingine, ambamo wanaofika ni polisi wa kweli na Chris anaishia gerezani; aliibadilisha akiona kwamba watu walihitaji nafuu. Naona alipata vyote viwili, kwani kabla mlango haujafunguka kila mtazamaji alikuwa amekwisha kuitunga ile hatima ya kwanza mwenyewe.

Nimeiweka mwisho filamu inayotugusa Wakenya, nayo ni Us ya mwaka 2019, kazi ya Peele pia, ambamo Lupita Nyong'o anaigiza wahusika wawili. Adelaide ni mama wa watoto wawili. Red ni mwanamke aliyefanana naye kama sura na kioo, aliyetoka mapangoni chini ya ardhi na mkasi mkononi kuja kumwangamiza. Chama cha wahakiki wa New York kilimtangaza Lupita mwigizaji bora wa kike wa mwaka huo. Wagawaji wa Oscar hawakumteua hata kuwania, na nadhani dharau ninayoilalamikia ilihusika.

Adelaide anamuua Red na kumwokoa mwanawe Jason. Ndipo tunapooneshwa kilichotokea mwaka 1986 katika nyumba ya vioo ufukweni Santa Cruz: mtoto wa mapangoni alimkaba mwenzake shingo, akamfungia chini, akapanda juu kuchukua nguo zake, jina lake na wazazi wake. Tuliyemshangilia ndiye mnyakuzi, neno lisilohitaji tafsiri nchini mwetu. Na dalili tulipewa. Miongoni mwa watu wa chini ni Red pekee aliyeweza kusema, kwa sauti ya koo lililokabwa. Adelaide alirejea ufukweni akiwa bubu, na hata ukubwani alikiri kwamba mazungumzo humtatiza.

Lakini mnyakuzi huyo alikuwa mtoto, aliyezaliwa kizani bila kosa, akaona mlango mmoja tu. Na aliyedhulumiwa alirudi na mkasi, akawamwagia damu wasiojua lolote. Peele hatuamulii. Adelaide anaendesha gari la wagonjwa, jamaa yake wakiwa hai, anageuka na kumtabasamia Jason. Mtoto anamtazama kwa muda, kisha anashusha kinyago chake usoni.