Simu iliyozaa wimbo namba moja wa Poison

KATIKA chati ya Billboard Hot 100 ya Desemba 24, 1988, nafasi ya kwanza nchini Marekani ilishikwa na wimbo wa polepole wa kundi lililojulikana kwa kelele za magitaa, nywele zilizotimuliwa na vipodozi usoni. Kundi hilo ni Poison, na wimbo wenyewe ni "Every Rose Has Its Thorn", yaani kila waridi lina mwiba wake.

Mwimbaji wa kundi hilo, Bret Michaels, amesimulia kuwa aliutunga mjini Dallas, katika duka la kufulia nguo kwa mashine. Alikuwa amempigia simu mpenzi wake aliyekuwa Los Angeles, akasikia nyuma yake sauti ya mwanamume. Ndipo akashika gitaa.

Wimbo huo, uliotayarishwa na Tom Werman kwa ajili ya albamu ya pili ya kundi hilo, unaanza kwa gitaa kavu na sauti ya upole. Ngoma na gitaa la umeme hufuata, huzuni ikipanda hatua kwa hatua.

Mpangilio huo uliyafaa makundi ya aina hiyo: redio zilizokwepa roki nzito zilikubali kupiga nyimbo za mapenzi, na wasikilizaji wapya wakapatikana.

Wimbo ulikaa kileleni wiki 3. Poison haikupata tena namba moja katika chati hiyo. Kwa maelezo ya Michaels, waridi ni kazi ya muziki. Mwiba ni penzi lililopotea kwa ajili yake.