Mcheza kwao hutuzwa: Je, kwao msichana wa Changamwe ni wapi?

Wahenga walinena kwamba mcheza kwao hutuzwa. Methali hii imekaririwa madarasani hata mwanafunzi huieleza kwa wepesi katika insha: afanyaye jambo mbele ya watu wake hupata fadhila zao. Ni nadra, hata hivyo, kumsikia mtu akiuliza swali linaloitangulia tuzo yenyewe. Je, mchezaji asipokuwa na kwao? Historia ya wanawake waliotangulia kuufanya mchezo wa gofu kuwa kazi ya kujikimu ina jawabu, na jawabu hilo linatuhusu sisi wa Changamwe kuliko tunavyodhani.

Mnamo mwaka wa 1934, Mmarekani Helen Hicks, aliyekuwa bingwa wa kike wa ridhaa nchini mwake mwaka wa 1931, alikubali kulipwa na kampuni ya vifaa vya michezo ya Wilson. Mashindano ya kulipwa ya wanawake yalikuwa haba mno wakati huo. Kazi yake ilikuwa kuzunguka miji akiwaonyesha watu ustadi wake ili fimbo za kampuni zipate wanunuzi. Bingwa mzima akageuzwa mnadi wa bidhaa.

Miaka 16 baadaye, mwaka wa 1950, Hicks na wenzake 12 waliunda chama cha wanagofu wa kike wa kulipwa, LPGA. Rais wake wa kwanza alikuwa Patty Berg. Miongoni mwao alikuwamo pia Babe Zaharias, aliyenyakua dhahabu mbili za riadha katika michezo ya Olimpiki ya Los Angeles mwaka wa 1932. Wanawake hawa hawakungoja kualikwa. Waliandaa viwanja wenyewe, wakatunza hesabu, wakaamua migogoro ya sheria za mchezo, kisha wakajiendeshea magari kuelekea mji mwingine kucheza tena. Mwaka wa 1954 Zaharias alishinda taji la wazi la wanawake wa Marekani kwa tofauti ya mikwaju 12, ilhali mwaka mmoja tu kabla ya hapo alikuwa amefanyiwa upasuaji wa saratani.

Walimu nao wana mwenzao katika orodha hiyo. Shirley Spork, aliyefariki mwaka wa 2022, alisomea ualimu. Alikulia kando ya uwanja wa gofu mjini Detroit, na utotoni aliokota mipira iliyopotea akaiuza kwa wachezaji. Mwaka wa 1959 alikuwa miongoni mwa walioanzisha kitengo cha ufundishaji cha chama hicho, kwa kutambua kwamba mchezo usio na walimu hauna kesho.

Lakini mlango uliofunguliwa na hao 13 haukuwa mpana kwa kila mtu. Althea Gibson, bingwa wa tenisi wa Wimbledon mwaka wa 1957 na 1958, alikuwa mwanamke mweusi wa kwanza kuingia katika mashindano ya LPGA miaka ya mwanzo ya 1960. Vilabu vingine vilimkubalia kucheza uwanjani lakini vikamkatalia chumba cha kubadilishia nguo, akawa anavalia viatu vyake garini. Mwaka wa 1967 alifuatwa na Renee Powell. Babake Powell, William, alirudi kutoka Vita vya Pili vya Dunia akakuta viwanja vya gofu vimefungiwa watu weusi. Akanunua shamba huko Ohio, akajijengea uwanja uliofunguliwa mwaka wa 1948. Kwa kuwa hakuwa na kwao, alikujenga. Binti yake akapata pa kuchezea.

Hapa kwetu hadithi haina tofauti kubwa. Mombasa Golf Club iliasisiwa mwaka wa 1911, na kama vilabu vingi vya enzi ya ukoloni, haikukusudiwa Mwafrika ila kwa kazi ya utumishi. Tangu hapo, wengi wa wanagofu wa kulipwa wa kiume nchini wameingia kwa mlango wa nyuma: walianza kama vijana wa kuwabebea wachezaji mikoba ya fimbo, wakajifunza kwa kutazama. Mlango huo haukuwafaa wasichana, ambao baada ya masomo husubiriwa nyumbani na mitungi, vyungu na wadogo zao. Ndiyo maana hatua ya Rose Naliaka, mwanamke wa kwanza wa Kenya kuwa mwanagofu wa kulipwa, ni kubwa. Kubwa zaidi ni kwamba hakuridhika na sifa ya kuwa wa kwanza. Alianzisha jijini Nairobi chuo cha kuwafunza gofu wasichana, wakiwemo wa jamaa zisizo na uwezo.

Pwani nayo imeona mengi. Desemba 2019, mashindano ya wanawake ya kulipwa ya Ulaya yalichezwa Vipingo, Kaunti ya Kilifi, na Mjerumani Esther Henseleit, akiwa na umri wa miaka 20, akaibuka mshindi. Mwaka wa 2023 alishinda Aditi Ashok wa India, na 2024 Shannon Tan wa Singapore. Henseleit huyo huyo alitwaa nishani ya fedha katika Olimpiki ya Paris mwaka wa 2024. Mabingwa wa dunia wamecheza mwendo wa saa chache tu kutoka Changamwe. Uwanja wa ndege wa Moi uko papa hapa petu, na binti zetu huziona ndege za wageni zikitua juu ya mapaa yao. Ni wangapi kati yao waliowahi kushika fimbo ya gofu?

Najua atakayenijibu kwamba gofu ni anasa ya matajiri, na kwamba shule zenye upungufu wa madawati hazina haja ya fimbo. Hoja hiyo ina uzito. Hakuna mzazi mwenye busara atakayetaka karo itumike kununulia mipira midogo myeupe. Lakini sidai shule zinunue kitu. Viwanja vipo tayari, kisiwani na Nyali, na siku za kazi asubuhi aghalabu havijai wachezaji. Fimbo kuukuu zipo stoo za vilabu. Kinachokosekana ni mwaliko, na mtu wa kuudai.

Mtaala wa umilisi umeifanya Sanaa na Sayansi ya Michezo kuwa mojawapo ya mikondo mitatu ya sekondari ya juu. Mkondo huo utabaki jina tu iwapo mwanafunzi wa Changamwe ataijua michezo kwa uwanja mmoja wa vumbi. Gofu ina kazi nyingi zaidi ya kuwa bingwa: kuna ukufunzi, uamuzi, utunzaji wa nyasi na usimamizi wa mashindano. Zote hizo hulipa mishahara, na zote zaweza kufanywa na mwanamke.

Basi walimu wakuu wa Changamwe, Port Reitz na Mikindani waketi pamoja, waandike barua moja kwa vilabu vya Mombasa. Waombe asubuhi moja kila mwezi kwa wasichana, pamoja na mkufunzi mmoja. Vilabu vikikubali, tutakuwa tumepata mwanzo. Vikikataa, na viandike sababu zao, tuzisome. Nanyi wanafunzi wa kike msione haya kuwakumbusha walimu wenu juu ya barua hiyo. Wale 13 wa mwaka wa 1950 walikuwa wachache kuliko dawati tano za darasa lenu, na hawakumngoja mtu awajengee kwao.