Kinyaa Kinachouza Tiketi

Oktoba 2024, Terrifier 3, filamu ya kutisha iliyogharimu takriban dola milioni 2, ilishika nafasi ya kwanza kwa mauzo katika kumbi za sinema za Marekani. Iliipiku Joker: Folie à Deux, iliyogharimu karibu dola milioni 200. Hadi inaondoka kumbini ilikuwa imekusanya karibu dola milioni 90 duniani.

Wapo wanaosema siri ni kelele: ipigeni marufuku, watu watajaa. Sikubaliani nao. The Human Centipede 2 ya Tom Six ilinyimwa kibali Uingereza mwaka 2011, ikapitishwa miezi michache baadaye ikiwa imekatwa zaidi ya dakika mbili. Habari zake ziliandikwa mno, lakini katika kumbi chache zilizoipokea Marekani haikufikisha hata dola 200,000.

Mtazamaji hulipia ufundi. Katika The Substance ya Coralie Fargeat, mwigizaji aliyeachishwa kazi kwa sababu ya umri (Demi Moore) anajidunga dawa, mgongo wake unapasuka na mwanamke kijana anatoka. Sehemu kubwa ya mwili wa mwigizaji huyo unaooza mbele ya macho yetu ni silikoni: imemiminwa kwenye kalibu, ikatiwa rangi, ikabandikwa kwa saa nyingi juu ya ngozi ya Moore. Studio ya Universal ilijitoa kuisambaza, Mubi wakaichukua. Iligharimu karibu dola milioni 18, ikaingiza zaidi ya milioni 75, na Machi 2025 Pierre-Olivier Persin, Stéphanie Guillon na Marilyne Scarselli wakapewa Oscar ya urembaji. The Fly ya David Cronenberg ilishinda tuzo hiyohiyo mwaka 1987. Tena kinyaa cha Fargeat kina hoja: kinaonyesha jinsi biashara ya urembo inavyomla mwanamke akiwa hai.

Wanaolalamikia ukatili wa filamu hizi nao wasipuuzwe. Terrifier inawakatakata wanawake kwa muda mrefu kupita mahitaji ya hadithi, na hilo linanikera. Ufaransa iliwazuia walio chini ya miaka 18 kuiona Terrifier 3, na ilifanya sawa. Marekani ukaguzi ni wa hiari. Wasambazaji, Cineverse, waliipeleka kumbini bila alama ya umri. Mzigo wote ukaangukia dirisha la tiketi, na mwenye ukumbi anayemwingiza mtoto wa miaka 12 hana wa kumsingizia.