Dawa ya Deni ni Kulipa

Shirika likifa, je, deni lake kwa mfanyakazi nalo hufa? Hilo ndilo lililokuwa kiini cha shauri lililofikishwa Mahakama Kuu ya Tanzania, jijini Dar es Salaam, mwaka 2003. Wadai walikuwa wastaafu wa iliyokuwa Jumuiya ya Afrika Mashariki, wakiwamo watumishi wa reli, bandari na ndege.

Ndugu wasikilizaji, Jumuiya hiyo iliundwa kwa Mkataba wa mwaka 1967 uliotiwa saini Kampala, nayo ilikuwa mali ya nchi tatu jirani: Kenya, Tanzania na Uganda. Shirika la Reli lilikuwa na makao makuu yake Nairobi. La Bandari, Dar es Salaam. Dereva wa treni aliweza kuanza kazi Tabora na kuhamishiwa Nakuru, hali mwajiri akiwa yule yule na miaka ya utumishi ikihesabiwa pamoja. Sehemu ya malipo ya jasho lake hakuipokea mwisho wa mwezi, bali ilingojea siku atakapostaafu. Kwa hiyo yafaa ieleweke kwamba pensheni si sadaka. Ni ujira uliowekwa.

Mwaka 1977 Jumuiya ikavunjika. Kila nchi ilishika vichwa vya treni, mabehewa na meli zilizokutwa upande wake. Mali hizo zilionekana kwa macho na zikagombewa. Miaka ishirini ya mtu aliyetumikia reli haikuwa na wa kuigombea.

Usuluhishi uliongozwa na Dk. Victor Umbricht, raia wa Uswisi. Tarehe 14 Mei 1984, mjini Arusha, nchi tatu zilitia saini mkataba wa kugawana mali na madeni: Kenya asilimia 42, Tanzania 32, Uganda 26. Mkataba huo uliagiza pia kwamba kila serikali itawalipa raia wake mafao waliyoyatumikia katika Jumuiya. Basi deni halikufa. Lilipata warithi watatu.

Kwa nini, basi, wazee wafike mahakamani? Kwa sababu kukiri deni ni jambo moja, na kulipa ni jambo jingine. Shilingi ya mwaka 1977 haikununua mwaka 2003 kile ilichonunua zamani. Kumbukumbu za utumishi ziliachwa katika ofisi za mashirika yasiyokuwapo tena. Na mzee hana muda wa kungoja: kila mwaka uliopita, wengine walizikwa na madai yao yakabaki kwa wajane na yatima.

Mwezi Septemba 2005, serikali na wastaafu walifikia mapatano nje ya hukumu, na hati yake ikasajiliwa mahakamani. Mapatano ya namna hiyo yakisajiliwa hupata nguvu ya hukumu, na kila upande hufungwa nayo. Malipo yakafuata. Hata hivyo baadhi ya wastaafu walishikilia kwamba walichopokea hakikutimiza haki yao, wakaendelea kudai mahakamani na hata kukusanyika barabarani.

Askari aliyepata kutumwa mbele ya mkusanyiko wa wazee kama hao anajua ugumu wa kazi hiyo. Amri ni amri, na barabara haina budi kupitika. Lakini aliyeketi pale na faili kuukuu kwapani hakuja kuasi. Alikwisha kwenda mahakamani, mahali ambapo sheria yenyewe humwelekeza mwenye dai.

Askari naye ana namba yake ya utumishi, naye atastaafu. Barua ya kuajiriwa, hati za uhamisho na za kupandishwa cheo ni silaha za uzeeni. Azitunze kama anavyotunza bunduki yake.

Jumuiya mpya ilizaliwa kwa Mkataba wa Arusha wa mwaka 1999, na nchi jirani nyingine zimejiunga nayo. Zinapojenga tena reli za pamoja, na ziandike mapema nani atamlipa mtumishi siku ya kustaafu. Dawa ya deni ni kulipa, na alipwe mwenyewe angali hai.