Jackie Robinson alipita mlangoni, timu za mtaa zikaachwa nje

Kama ulisomea shule ya msingi hapa Kenya, besiboli unaijua nusu tayari. Ni binamu ya raunda. Mmoja anarusha mpira, mwingine anaupiga kwa gongo, halafu ni mbio: unazunguka vituo hadi urudi pale ulipoanzia. Na ile kofia yenye herufi N na Y zilizoshikana, unayoiona kwa kila steji ya matatu, ni ya timu ya besiboli, New York Yankees. Wengi wetu tumeivaa miaka na mikaka bila kujua.

Lakini leo stori si ya Yankees. Ni ya watu waliofungiwa mlango, wakaamua kujijengea nyumba yao.

Mwaka wa 1884, jamaa mweusi aliyeitwa Moses Fleetwood Walker alichezea timu ya Toledo katika mojawapo ya ligi kuu za Marekani. Baada ya hapo wenye timu wakaelewana chinichini: mtu mweusi asisajiliwe tena. Hakuna karatasi iliyotiwa sahihi. Ilikuwa ile kitu kila mtu anajua na hakuna anayeisema. Ikakaa hivyo kwa zaidi ya miaka 60.

Sasa, watu weusi hawakuacha kucheza. Walikuwa na timu zao, shida ilikuwa pesa. Mara nyingi mawakala wazungu ndio waliopanga mechi na kukodisha viwanja, na kila mara walikata fungu lao kwanza. Mchezaji jasho, wakala noti.

Hapo ndipo anaingia Rube Foster. Huyu alikuwa mrushaji matata enzi zake, kisha akawa kocha na mwenye timu ya Chicago American Giants. Februari 1920 aliwaita wenye timu wenzake mjini Kansas City, wakakutana katika jengo la YMCA, na wakatoka hapo na ligi yenye timu nane: Negro National League. Hesabu ya Foster ilikuwa rahisi. Kama shabiki ni wetu na mchezaji ni wetu, mbona tiketi isiwe yetu?

Ndiyo maana ukiangalia ligi hizi kama michezo tu, utakosa nusu ya stori. Siku ya mechi ilikuwa riziki ya mtaa mzima. Timu ikija mjini ililala kwa hoteli ya mtu mweusi kwa sababu zile zingine ziliwafukuza. Walikula kwa mama wa mkahawa wa mtaani, wakanyolewa kwa kinyozi wa hapo hapo. Na mahali ambapo hakukuwa na hoteli ya weusi, wachezaji walilala ndani ya basi, asubuhi wakashuka kucheza.

Kansas City ilikuwa na Monarchs. Mwenye timu, J. L. Wilkinson, alikuwa mzungu, lakini mtaa uliihesabu kuwa yao kabisa. Wazee husimulia kwamba Jumapili ya mechi makanisa yalifupisha ibada ili waumini wawahi uwanjani, tena wakiwa na suti na kofia zao za kanisa. Mwaka wa 1930 Monarchs walikuwa wakisafiri na taa zao wenyewe kwa malori ili wacheze usiku, watu wakishatoka kazini. Ligi kuu ya wazungu ilikuja kucheza mechi yake ya kwanza ya usiku mwaka wa 1935.

Pittsburgh nako kulikuwa na Gus Greenlee, mwenye Crawfords. Pesa zake zilitoka kwa kamari haramu ya namba, hilo halifichwi. Lakini mwaka wa 1932 alifungua uwanja wake mwenyewe, na mwaka uliofuata akaanzisha mechi ya nyota wa mashariki dhidi ya magharibi jijini Chicago. Mashabiki walichagua wachezaji kwa kupiga kura kupitia magazeti ya weusi. Kufikia 1943, mechi hiyo ilijaza zaidi ya watu 50,000.

Halafu kuna Effa Manley. Huyu mama aliendesha Newark Eagles pamoja na mumewe Abe, na kazi nyingi ya ofisi ilikuwa yake. Mwaka wa 1939 aliandaa siku uwanjani ya kupinga mauaji ya weusi mikononi mwa makundi ya wazungu, na wahudumu waliokuwa wakiwaonyesha watu viti walivaa utepe wenye ujumbe huo. Uwanja ukawa mahali pa kusema kilichokuwa hatari kusemwa kwingine. Mwaka wa 2006, miaka mingi baada ya kifo chake, akawa mwanamke wa kwanza kuingizwa katika Jumba la Umaarufu la besiboli.

Sasa tufike pale kila mtu anapopajua. Aprili 15, 1947, Jackie Robinson aliingia uwanjani na jezi ya Brooklyn Dodgers, na ukuta ukapasuka. Alitukanwa, akatishiwa maisha, na bado akacheza. Leo namba yake, 42, haivaliwi tena na timu yoyote katika ligi kuu, isipokuwa siku moja ya kumkumbuka ambapo kila mchezaji huivaa.

Kile ambacho hakisimuliwi sana ni hiki: Robinson alitoka Monarchs, na Dodgers hawakuilipa Monarchs hata senti. Miezi michache baadaye Cleveland walimtaka Larry Doby wa Newark. Manley alikaza, akalipwa dola 15,000, pesa ambayo mwenyewe alijua ni ndogo kwa mchezaji wa kiwango hicho.

Mashabiki nao walifuata nyota wao, na nani angewalaumu? Eagles, mabingwa wa 1946, walikuwa wamepata watazamaji zaidi ya 120,000 msimu huo. Mwaka wa 1947 idadi ilishuka hadi chini ya nusu. Baada ya msimu wa 1948 Manley na mumewe wakauza timu, na mwaka huo huo Negro National League ikafunga duka. Ligi ndugu yake ilijikokota hadi mapema miaka ya 1960, ikazima.

Nisieleweke vibaya. Ubaguzi ulikuwa uchafu na mlango ulipaswa kufunguliwa. Tatizo ni jinsi ulivyofunguliwa. Ulipitisha mchezaji mmoja mmoja na kuiacha nje kazi ya kila mtu mwingine. Makocha hawakuchukuliwa. Mameneja hawakuchukuliwa. Ligi kuu ilimpata meneja wake wa kwanza mweusi, Frank Robinson, mwaka wa 1975. Hiyo ni miaka 28 baadaye. Wenye timu na wahasibu wao ndio kabisa, hakuna aliyewauliza. Na yule kinyozi na mama wa mkahawa wakabaki na viti vitupu.

Mwaka wa 2024 takwimu za ligi za weusi zilijumuishwa rasmi katika rekodi za ligi kuu. Ghafla Josh Gibson, aliyefariki miezi mitatu kabla ya Robinson kuingia uwanjani, akapanda juu ya wapigaji wote wa historia: wastani wake ni mipira 372 safi kwa kila majaribio 1,000. Heshima imefika, sawa. Lakini mwaka huo huo Wamarekani weusi walikuwa takriban asilimia 6 ya wachezaji wa ligi kuu. Mapema miaka ya 1980 walikuwa zaidi ya asilimia 18. Siku hizi kumlea mtoto kwenye besiboli Marekani kunataka mzazi mwenye doo: vifaa, safari, kocha wa kulipwa. Uwanja wa mtaa hautoshi tena.

Mbona tujali sisi? Kwa sababu mchezo huu umeshabisha hodi kwa jirani. Mwaka wa 2012 watoto wa Lugazi, Uganda, walikuwa timu ya kwanza kutoka Afrika kucheza kombe la dunia la besiboli ya watoto kule Marekani. Mwaka wa 2022 vijana wawili wa Uganda walisajiliwa na Dodgers, klabu ile ile ya Robinson. Wameomoka, na hongera kwao kutoka moyoni.

Kwa hivyo siku mtu mwenye kalamu na fomu atakapokuja kwa uwanja wenu, iwe ni besiboli, kandanda au raga, mpe mwenzako baraka zote asaini. Halafu kabla gari halijaondoka, mtu mmoja aulize kwa sauti: klabu iliyomlea inapata ngapi?